Kalamu na Karamu: Bi. Wilhelmina Mazigo Anaagana na Diski Zake

Ijumaa hii, tarehe 27 Juni 2025, Bi. Wilhelmina Mazigo, Fundi Mkuu wa Mitambo na Mtunza Kumbukumbu za Sauti, anastaafu baada ya kuitumikia Redio Mawe Matatu kwa miaka ishirini na tisa kasoro siku tatu. Ofisi ya utumishi ilimwambia siku hizo tatu zisimsumbue, zitahesabiwa kuwa amezifanyia kazi. Akajibu kwamba hapana, ziandikwe kuwa ni likizo, kwa sababu kuna likizo moja hakuimaliza. Watu wakacheka. Mimi sikucheka, na sababu yake nitaieleza mbele kidogo, maana kazi ya kuandika wasifu huu niliiomba mwenyewe na sikuiomba bure.

Bi. Wilhelmina alizaliwa Nansio, kisiwani Ukerewe, mwaka 1965, mtoto wa nne katika nyumba ya wavuvi na wakulima wa mihogo. Redio ya kwanza aliifungua akiwa darasa la sita. Ilikuwa ya baba yake, na ilikuwa nzima. Alichapwa, akaifunga, ikaendelea kuimba, na kuanzia siku hiyo majirani wakaanza kumletea zao. Baada ya chuo cha ufundi alikaa miaka kadhaa kwenye kibanda karibu na gati la Nansio akitengeneza redio na pasi, mpaka Julai 1996 alipovuka kuja Mwanza kuomba kazi kwenye kituo kipya kilichokuwa na vyumba viwili tu pale Isamilo, kimoja cha watangazaji na kimoja cha mbuzi wa mwenye nyumba.

Enzi hizo sauti zilikaa kwenye kanda. Wakongwe wachache waliobaki wanamkumbuka Bi. Wilhelmina akitembea na kalamu ya wino nyuma ya sikio, siyo ya kuandikia bali ya kurudishia kaseti, maana kurudisha kwa mashine aliona ni kuzichosha kanda. Mwaka 2001 tukapata kompyuta ya kwanza, na ndani yake diski ya gigabaiti ishirini ambayo uongozi uliamini haitajaa mpaka kiama. Ilijaa Februari. Kompyuta yenyewe ilikuwa imetandikwa kitambaa cheupe cha kufuma, kama runinga ya sebuleni. Bi. Wilhelmina alikitoa kitambaa hicho siku ya kwanza, akakikunja vizuri, akamrudishia katibu muhtasi na kumweleza kwamba mashine hii nayo inapumua na joto linaiua. Kesho yake kitambaa kilikuwa kimerudi. Vita hivyo vilidumu miezi mitatu na fundi wetu alishinda.

Kila mfanyakazi aliyepita hapa, awe mtangazaji, mhasibu au dereva, amefundishwa na Bi. Wilhelmina jinsi diski inavyofanya kazi. Hakuna aliyemwomba. Unafika siku yako ya kwanza, unasema shikamoo, anaitika marahaba, anakuketisha kwenye kigoda na kukufunulia diski moja ya zamani aliyoiondoa kifuniko. Ndani mnaonekana sahani zinazong'aa kuliko kioo, na kwa kweli anazitumia kama kioo: kabla ya kikao chochote na uongozi hujitazama humo akiweka sawa kilemba chake. Halafu anaizungusha sahani kwa kidole na kuanza somo.

Sahani hiyo, anasema, imepakwa utando mwembamba wa sumaku, na kwenye utando huo kuna nukta nyingi kuliko dagaa wa ziwa zima. Kila nukta inatazama upande mmoja kati ya pande mbili. Vitabu vinasema sifuri na moja. Bi. Wilhelmina anasema nukta hii inatazama Nansio, ile inatazama Mwanza, na kwa mpangilio wa nani anatazama wapi ndipo sauti ya mtu inapokaa, kikohozi chake kikiwemo. Kuna mkono mdogo wenye kichwa kwenye ncha yake. Kichwa ndicho kinachosoma nukta zinaelekea wapi, na kikitaka kuandika, kinazigeuza. Sahani inazunguka mara elfu saba na mia mbili kwa dakika, na kichwa kinaelea juu yake bila kuigusa, katika nafasi ndogo kiasi kwamba unywele mmoja ukianguka hapo ni gogo limelala barabarani. Kikigusa, kinaparua, na kilichoparuliwa hakisomeki tena.

Kwa sababu hiyo chumba cha mitambo kilikuwa na sheria kali kuliko sakristia. Viatu nje. Chai nje. Mkurugenzi mmoja, ambaye sasa ni marehemu na alipenda sana kusimulia kisa hiki, aliingia na soda mkononi akatolewa kwa upole, akashikwa mkono kabisa, mpaka korido. Na zile siku wadudu wa ziwani wanapopanda kutoka majini kama moshi na kuujaza mji, madirisha yalifungwa na vitambaa vyenye maji vikabanwa chini ya milango. Mgeni angedhani kuna ugonjwa wa kuambukiza.

Kitu cha pili anachofundisha ni kufuta, na naomba msomaji anifuatilie hapa kwa sababu ndipo kisa chenyewe kilipo. Watu wengi tunaamini ukifuta faili, au hata ukifomati diski nzima kwa ile njia ya haraka, vilivyokuwamo vimeteketea. Sivyo. Bi. Wilhelmina anatoa mfano wa mwalimu aliyepoteza rejesta. Watoto bado wamekaa darasani, kila mmoja kwenye kiti chake, ila mwalimu hawezi tena kuwaita kwa majina. Kompyuta inachana rejesta tu. Hatari inakuja pale utakapoleta watoto wengine, maana hao wapya watakalia viti vya wale wa zamani, na wa zamani hawatarudi.

Sasa nije kwenye lugha. Mimi ni Msukuma wa Kisesa, karibu na Bujora, na herufi r nimekutana nayo ukubwani. Bi. Wilhelmina ni Mkerewe, na kwake ni kinyume chake: r inamtoka panapotakiwa l, na akijitahidi sana kusema kistaarabu, l inamtoka panapotakiwa r. Hapa kazini tulikuwa tunataniana kwa hilo kila siku ya Mungu. Wageni walipewa ushauri mmoja: ukitaka kumwelewa Bi. Wilhelmina, geuza. Akisema amepiga kula, ujue ni kura. Mimi niliuchukua ushauri huo kama sheria.

Na mambo yalivyo, mwaka 2014 tulikuwa na diski mbili zimesimama bega kwa bega kabatini. Moja iliitwa Kalamu, ya vipindi vya masomo ya shule za msingi, ambavyo vyote vilikuwa vimenakiliwa kwingine. Nyingine iliitwa Karamu. Hiyo ilikuwa na sauti mia mbili na ishirini na moja zilizokusanywa kwa miaka tisa kutoka Ukerewe, Sengerema, Magu na mwambao wa Mara: wazee wakibariki harusi, akina mama wakiimba kwenye mavuno, hotuba za komunio na sherehe za kuingiza mtumbwi mpya majini. Haikuwa na nakala hata moja. Diski ya kunakilia ilikuwa imeombwa, na ombi lilikuwa kwenye mchakato.

Mei mwaka huo nilikuwa na miezi mitano kazini, bado niko kwenye matazamio ya miezi sita, na tayari najiona najua kila kitu. Bi. Wilhelmina alikuwa Nansio kwa mama yake, likizo ya wiki mbili, ya kwanza kuipata kamili kwa miaka mitatu. Siku ya tatu ya likizo hiyo studio ikaishiwa nafasi ya kurekodia mechi za Jumamosi. Nikampigia simu. Mtandao wa Nansio ulikuwa unakatakata. Nilimuuliza tufute diski gani, simu ikakatika kabla hajajibu. Nilipopiga mara ya pili akajibu pole pole, neno kwa neno, kama anayemsomea mtoto imla: "Futa Kalamu."

Mimi nikageuza.

Sikujua kwamba mwenzangu, kwa kuiogopa hatari hiyo hiyo, alikuwa ametoka nje ya nyumba ya mama yake na kulitamka neno hilo mara kadhaa kabla ya kuipokea simu yangu ya pili. Mara hiyo moja alilisema sawasawa, na mara hiyo moja mimi nikamsahihisha. Niliifomati Karamu. Ilichukua muda mfupi kuliko kumenya chungwa. Nilikuwa nimeshachomeka waya niweke mechi aliponipigia kuuliza kama nimemaliza, nami nikamjibu kwa fahari kwamba tayari, Karamu ni nyeupe kama karatasi. Kisha akasema kwa sauti ambayo haikupanda hata kidogo, "Pius, toa mkono kwenye hiyo mashine. Zima. Usiandike kitu humo, hata jina lako."

Alipanda meli asubuhi iliyofuata. Siku kumi na moja za likizo zikabaki Nansio.

Alipofika hakunigombeza. Alivua viatu, akaingia, akaichomoa diski na kuichomeka kwenye kompyuta nyingine kwa namna ambayo ingesomwa tu bila kuandikwa. Watoto bado walikuwa darasani, ni kuwatafuta kiti kwa kiti. Kwa siku moja mambo yalikwenda vizuri, na mimi nikaanza kupata usingizi. Siku ya pili diski ikaanza kulia: ta, ta, ta, kama mtu anayegonga mlango kwa kiberiti. Bi. Wilhelmina aliizima hapo hapo. Diski ilikuwa ya zamani na kichwa chake kilikuwa kimechoka. Kuendelea kuizungusha ingekuwa kuziparua zile sauti kwa mikono yetu.

Dawa ilikuwa moja, kuhamishia humo vichwa vya diski nyingine ya aina ile ile. Alikwenda kwa Bwana Odoyo, muuza kompyuta za mitumba katika Mtaa wa Rwagasore, wakapekua maboksi nusu siku mpaka wakapata ndugu wa Karamu, diski iliyoungua ubao wake wa umeme lakini ndani iko salama. Odoyo alimwonya kwamba hiyo ni maiti. Akajibiwa, "Nimekuja kuchukua vichwa tu." Wiki nzima mtaa ule ulizungumza habari za mama mmoja wa redio anayenunua vichwa, na nasikia kuna watu walibadilisha njia ya kwenda nyumbani.

Kazi ya namna hiyo hufanyika kwenye chumba kisicho na vumbi hata punje, na chumba cha hivyo kilikuwa mbali na sisi na bei yake mbali zaidi. Tulichokuwa nacho ni Queen. Dada huyu aliuza chipsi getini kwetu, na mwezi ule alikuwa amenunua kabati jipya la vioo. Bi. Wilhelmina aliliazima lile la zamani. Alilisugua kwa maji ya moto na sabuni, kisha kwa spiriti, mara mbili, akatoboa ubavuni matundu mawili ya kuingiza mikono, akayavalisha glavu za hospitali, akafunga feni ndogo ya kompyuta nyuma ya kichujio cha hewa. Hata baada ya usafi wote huo chumba kilinukia viazi, na fundi mitambo mmoja alishinda akitafuta chachandu.

Tulisubiri siku mbili kwa sababu ya wadudu. Walikuwa wameufunika mji, wanaingia mpaka kwenye chai. Jumapili asubuhi upepo ukawarudisha ziwani. Saa nne, kengele za misa ya pili zikilia, Bi. Wilhelmina aliingiza mikono kabatini. Ili vichwa visigusane wala kugusa sahani, alivitenganisha kwa vipande vya mrija wa soda alivyovikata kwa wembe. Mimi kazi yangu ilikuwa kushika tochi na kutopumua kwa nguvu. Ilichukua saa moja na dakika ishirini. Alipofunga kifuniko na kuwasha umeme, diski ilivuma taratibu, bila kugonga. Sijawahi kusikia muziki wa kunifurahisha kuliko ule.

Lakini alijua vichwa vya kuazima havidumu. Vingeweza kwenda siku tatu, vingeweza kwenda saa tatu. Kwa hiyo ikabidi kuchagua nani atolewe kwanza. Akafungua kaunta buku, daftari nene alimokuwa ameorodhesha sauti zote kwa mwandiko wake, akanipa niwe nasoma majina. Kila nililosoma alijibu neno moja, kutoka kichwani, bila kusita: "Hayupo," au "Yupo." Waliokwisha kufariki ndio walitangulia. Aliniambia walio hai tunaweza kuwafuata tena na kipaza sauti, ila wale wengine hawana kwingine isipokuwa humu ndani. Nilisoma majina mia mbili na ishirini na moja. Karibu na mwisho nilisoma, "Bibi Anastazia, Nansio." Alisema, "Yupo. Mweke mwisho." Nikamweka mwisho.

Vichwa vilidumu saa thelathini na moja. Vilipokufa, tulikuwa tumetoa sauti mia mbili na kumi. Kumi na moja zikabaki, zote za watu walio hai, na jaribio jingine lilionyesha kwamba sahani imeparuka na hapana cha kufanya.

Uongozi ulidai maelezo ya maandishi. Bi. Wilhelmina aliandika mstari mmoja: kwamba maelekezo aliyoyatoa kwa simu hayakuwa wazi. Akapewa barua ya onyo. Ni barua pekee ya namna hiyo katika faili lake la miaka ishirini na tisa. Mwezi uliofuata mimi nikathibitishwa kazini. Nilikwenda kumshukuru, akaniambia nikalete ufagio, kuna vumbi kwenye korido.

Baada ya hapo ndipo ulipoanza ule utaratibu ambao sasa tunauona wa kawaida. Kwanza, diski zilibadilishwa majina zikapewa ya samaki: Sato, Sangara, Furu, Ningu, Gogogo, Kambale. Alichagua samaki kwa makusudi. Sema furu, sema fulu, kambale au kambare, atakayekusikia atafika kwenye diski ile ile. Pili, kila sauti ikawa na nakala tatu, na moja lazima ilale ng'ambo ya maji, kwenye kituo chetu kidogo cha kurushia matangazo kule Sengerema. Kauli yake ni kwamba kitu kilicho sehemu moja tu, hicho hakipo. Kila Ijumaa alivuka na kivuko cha Kamanga akiwa amepakata diski iliyofungwa kwa kitenge ili isitikisike. Siku moja abiria mwenzake alimuuliza amebeba nini kwa uangalifu huo. Akajibu bila kufikiri kwamba ni watu mia mbili na ishirini, wengi wao marehemu. Benchi zima lilibaki lake mpaka ng'ambo.

Msomaji makini ameshaniuliza mbona mia mbili na ishirini. Ni kwamba wale kumi na moja aliwafuata mmoja mmoja, Jumamosi zake, kwa nauli ya mfukoni mwake, akawarekodi upya. Alimaliza kumi.

Sasa nizungumzie Aprili mwaka huu. Katika makabidhiano alinipa funguo tatu: ya chumba cha mitambo, ya kabati la diski, na ya kufuli dogo la sanduku la bati lililokaa chini ya meza yake miaka yote hii tukiamini ni la bisibisi. Aliniambia niorodheshe vilivyomo. Ndani nilikuta ile diski ya Karamu, imefungwa kwenye kitenge, na lile kaunta buku. Nilifungua ukurasa wa mwisho. Mbele ya majina kumi palikuwa na tarehe za kurekodiwa upya. Mbele ya Bibi Anastazia, Nansio, palikuwa na tarehe pia, 9 Septemba 2014, na neno "amefariki." Chini yake, kwa herufi ndogo, ameandika "Mama."

Mazishi yale nilikwenda. Wote tulikwenda, tulijaza nusu ya meli. Tulimjua kama Mama Mazigo, na jina lake la ubatizo liliposomwa kanisani mimi nilikuwa nje napanga viti. Nilikula wali pale, nikampa mkono Bi. Wilhelmina, nikamwambia pole Mama. Alikuwa amepanga kumrekodi upya mwishoni kabisa, baada ya wale wengine kumi, kwa sababu wa kwake si wa kukimbilia. Na zile siku kumi na moja ambazo angekaa naye, alizitumia kutafuta nilichopoteza mimi. Miaka kumi na moja tumekunywa chai pamoja na hakuwahi kunitajia.

Kwa hiyo naandika hapa, kwenye jarida letu, ili lisomwe na kila mtu: kosa lilikuwa langu. Maelekezo yalikuwa wazi. Alisema Kalamu, na alimaanisha Kalamu. Nimekwenda ofisi ya utumishi na kuyaandika haya kwa saini yangu, nikaomba barua ile itolewe kwenye faili lake iingie kwenye langu. Wamekubali. Sasa faili la Bi. Wilhelmina ni safi, na langu limepata uzito kidogo.

Ila barua haina sauti. Wakati wa Pasaka nilivuka kwenda Nansio bila kumwambia. Nilikumbuka kwamba vipande vya Karamu vilisikika hewani zamani, na enzi zile kulikuwa na simu zinazoweza kurekodi redio. Nilizunguka siku tatu, gatini, sokoni, kanisani, nikiuliza kama mpelelezi. Wengi walinionea huruma. Siku ya tatu nikafika kwenye duka la dawa la Bi. Gladness, ambaye mama yake alikuwa mwimbaji kwenye ile sherehe ya komunio alikorekodiwa Bibi Anastazia, na ambaye hatupi kitu. Alitoa kopo la maziwa lililojaa simu zilizokufa, vifungo na memori kadi. Tulijaribu kadi saba. Ya nane ilikuwa na sekunde hamsini na mbili za komunio ile, zilizonaswa redioni.

Nilikuwa nimejifunza. Sikuigusa kadi yenyewe mpaka nimenakili yote kwanza, mara tatu, nukta kwa nukta. Nakala moja iko kabatini kwetu, kwenye diski mpya niliyoiita Nembe, samaki asiye na r wala l, na aseme anayeweza kuigeuza hiyo. Ya pili imelala Sengerema. Niliivusha mwenyewe, nimeipakata. Ya tatu iko kwenye kiboksi utakachokabidhiwa leo, Mama, pamoja na cheti na zile seti za vikombe ambazo hatukuweza kuzizuia.

Katika sekunde hizo kuna ngoma kwa mbali, sahani zinagongana, mtoto analia. Unasikika wewe ukisema majaribio, majaribio, moja, mbili. Halafu anasikika mama yako, karibu kabisa, mdomo umejaa: "Willi, hebu toa hicho kidude usoni kwangu. Leo ni kalamu. Acha nile kwanza." Watu wanacheka, na wewe unacheka kuliko wote, na hapo kadi inaishia.

Nilipofika kwenye kuliandikia faili jina, vidole vilitaka kusahihisha. Nimevizuia. Faili linaitwa Kalamu, kama alivyosema mwenyewe.

Kwa niaba ya wote uliotufundisha kuvua viatu, asante. Uende Nansio na afya yako, ukapumzike kwenye baraza ya nyumba ile, na redio ya huko ikikataa kuongea tafadhali iache wengine waitengeneze. Siku zako kumi na moja zinakusubiri, Mama, na zile tatu za ofisi tumeziandika juu yake. Kaimalize likizo yako. Na ukifika, kabla hujafungua kitu chochote kuona ndani kuna nini, kula kwanza.

Pius Nkwabi
Kitengo cha Vipindi, Redio Mawe Matatu